Kabla Mkataba Haujatiwa Saini: Namna ya Kutoa Maoni Kuhusu Kubinafsisha Huduma za Hospitali ya Umma Mombasa

Neno "kubinafsisha" likitamkwa katika kikao chochote cha wakazi wa Mombasa, watu hugawanyika pande mbili kabla hawajaambiwa ni kitu gani hasa kinachobinafsishwa. Upande mmoja husikia kwamba Makadara, kama wenyeji tulivyozoea kuiita Hospitali Kuu ya Mafunzo na Rufaa ya Pwani, inauzwa. Upande wa pili husikia kwamba hatimaye foleni zitapungua na mashine zitafanya kazi. Mara nyingi pande zote mbili huwa zinabishania jambo lisilokuwamo katika karatasi iliyo mezani, kikao kikafungwa kwa dua na soda, na zile kurasa zinazoamua mgonjwa atalipa nini kwa miaka mingi ijayo zikarudi katika bahasha bila kusomwa. Mwongozo huu umeandikwa kwa ajili ya mkazi asiye wakili wala daktari, anayetaka kuzisoma kurasa hizo na kuyaweka maoni yake kwa namna ambayo ofisi haitaweza kuyapuuza. Hauzungumzii pendekezo lolote mahususi, wala haukuelekezi uunge mkono au upinge, ingawa nina msimamo wangu na utauona humu ndani.

Jua kwanza ni huduma gani

Kuiuza hospitali nzima ya umma, pamoja na ardhi, majengo na vitanda vyake, ni jambo la nadra nchini Kenya. Kinachopendekezwa kwa kawaida ni kidogo zaidi ya hapo, na kwa sababu ni kidogo hupita kwa urahisi. Kazi saidizi kama vile usafi, ulinzi, dobi na chakula cha wagonjwa huweza kupewa kampuni, na watu wengi hata hawahesabu kwamba huo nao ni ubinafsishaji. Vifaa vya picha, vya kusafisha figo au vya maabara huweza kuletwa na kampuni inayovimiliki na kuvitengeneza vikiharibika, huku hospitali ikilipa ama kodi ya kila mwaka au kiasi fulani kwa kila kipimo. Ndani ya hospitali ya umma huweza kutengwa wadi ya kulipia, ambamo daktari yule yule anayelipwa mshahara na serikali humhudumia mgonjwa mwenye bima nzuri katika chumba chenye kiyoyozi. Kisha kuna ushirikiano wa muda mrefu chini ya Sheria ya Ushirikiano wa Sekta ya Umma na Sekta Binafsi ya mwaka 2021, ambapo mwekezaji hujenga au kukarabati jengo, huliendesha kwa miaka mingi, na mwishowe hulirudisha mikononi mwa serikali.

Usikubali kujadili yote haya chini ya jina moja. Anayekubali kampuni ya kufua mashuka hajakubali kampuni ya kumiliki maabara, na anayepinga wadi ya kulipia halazimiki kupinga mashine ya kukodi. Ukihudhuria kikao na ukasikia msemaji akiruka kutoka huduma moja hadi nyingine, swali lako la kwanza liwe: "Leo tunazungumzia huduma gani, na katika vituo vipi?"

Kuna aina nyingine ambayo haimo katika sheria yoyote, nayo ndiyo iliyonifanya nianze kufuatilia mambo haya. Nilimsindikiza mamangu mdogo katika hospitali moja ya umma humu mjini. Daktari alimwandikia vipimo vitatu. Kimoja kilifanywa pale pale, na viwili fundi wa maabara akavizungushia duara kwa kalamu nyekundu, akatuambia tuvuke barabara kwa sababu dawa za kupimia zilikuwa zimekwisha. Ng'ambo ya barabara tulikuta feni, viti vya plastiki, majibu ndani ya saa moja, na risiti ya shilingi 2,800. Mamangu mdogo alikuwa na shilingi elfu moja iliyofungwa katika pindo la leso, na humo humo ndimo ilimokuwa nauli ya kumrudisha Likoni. Hakuna zabuni iliyotangazwa kwa ajili ya maabara ile, hakuna kikao kilichoitishwa, na hakuna aliyeuliza maoni yetu. Huduma ilikuwa imehama kutoka sekta ya umma hadi sekta binafsi kimyakimya, kwa sababu ya rafu tupu. Anayetetea hospitali ya umma kana kwamba kila kitu kingali ndani ya lango lake hajafika katika dirisha hilo. Vilevile anayesema kwamba kampuni itaondoa tatizo hana budi kueleza ni kwa nini rafu ile ilikuwa tupu, kwa maana mkataba hulipwa kutoka bajeti ile ile iliyoshindwa kununua dawa za kupimia.

Sheria za kwenda nazo

Huna haja ya kuikariri Katiba ya mwaka 2010, lakini kuna vifungu vichache ambavyo vikitajwa kwa nambari hubadilisha sura ya mazungumzo. Kifungu cha 43 kinampa kila mtu haki ya kupata kiwango cha juu kabisa cha afya kinachoweza kufikiwa, na katika ibara yake ya pili kinakataza mtu yeyote kunyimwa matibabu ya dharura. Katazo hilo haliishii kwenye lango la hospitali ya serikali: Sheria ya Afya ya mwaka 2017 inaitoza taasisi ya matibabu inayokataa kutoa huduma ya dharura faini isiyozidi shilingi milioni moja. Kwa hiyo mtu akikuambia kwamba kampuni binafsi italazimika kudai malipo kabla ya kumpokea majeruhi wa ajali ya Changamwe, mjulishe kwamba hilo haliruhusiwi, mkataba uwe umesema lolote.

Kifungu ninachokipenda kuliko vyote, na ambacho sijawahi kusikia mtu akikitaja katika kikao, ni cha 20(5). Kinasema kwamba serikali ikidai haina rasilimali za kutekeleza haki kama hiyo ya afya, ni juu yake kuonyesha kwamba rasilimali hizo hazipo. Maana yake ni kwamba afisa anaposema "kaunti haina fedha, ndiyo maana tunamleta mwekezaji", mzigo wa kuthibitisha hauko kwako. Muulize kwa adabu akuonyeshe hesabu.

Lililobaki ni kujua mlango wa kubisha. Jedwali la Nne la Katiba limeziachia kaunti vituo vya afya, famasi na ambulansi, na serikali kuu ikabaki na sera ya afya na hospitali za rufaa za kitaifa. Makadara huwapokea wagonjwa kutoka Kwale, Kilifi, Tana River, Lamu na Taita Taveta, lakini iko chini ya Kaunti ya Mombasa, sawa na hospitali za Port Reitz, Tudor na Likoni. Kumlilia mbunge wa Nairobi kuhusu maabara ya Tudor ni kupoteza wino. Mwenye kura katika jambo hilo ni mwakilishi wa wadi yako.

Omba karatasi, na uiombe kwa maandishi

Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya mwaka 2016 inatekeleza Kifungu cha 35 cha Katiba, na ni rahisi kuitumia kuliko watu wanavyodhani. Ombi huandikwa kwa Kiswahili au kwa Kiingereza, hulipii kitu kwa kuliwasilisha, ingawa unaweza kutozwa gharama ya kutoa nakala, na hulazimiki kueleza unataka habari hizo za nini. Ofisi hupewa siku 21 za kukujibu. Jambo likihusu uhai au uhuru wa mtu, ni saa 48. Ukinyimwa, au ukikaliwa kimya, unaweza kuomba uamuzi upitiwe upya na Tume ya Utekelezaji wa Haki, ile inayojulikana zaidi kwa jina la Ofisi ya Ombudsman, na ni vyema kufanya hivyo ndani ya siku 30.

Kosa linalofanywa na wengi ni kuomba "habari zote kuhusu ubinafsishaji". Ombi la namna hiyo hurudi na jibu la mstari mmoja. Omba hati kwa majina yake, kwa maneno kama haya:

"Kwa mujibu wa Kifungu cha 35 cha Katiba na Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya mwaka 2016, naomba nakala za hati zifuatazo kuhusu pendekezo la kukabidhi huduma za picha katika hospitali iliyotajwa hapo juu: ripoti ya upembuzi yakinifu, rasimu ya mkataba pamoja na viambatisho vyake vya malipo, orodha ya ada anazotozwa mgonjwa hivi sasa na zinazopendekezwa, na idadi ya vipimo vilivyofanywa kila mwezi katika mwaka wa fedha uliopita. Hati hizo zikiwa katika mfumo wa kielektroniki, nitashukuru kuzipokea kwa barua pepe."

Peleka nakala mbili, na usiondoke mapokezi kabla nakala yako haijagongwa muhuri wenye tarehe. Karani akisema barua itagongwa baadaye, keti umngoje. Siku 21 huhesabiwa tangu ombi lipokelewe, na bila muhuri itakuwa neno lako dhidi ya neno la ofisi.

Wakati unasubiri jibu, pitia bajeti. Kaunti hutakiwa kuwasilisha mpango wake wa maendeleo wa mwaka kufikia tarehe 1 Septemba, waraka wa mkakati wa fedha kufikia tarehe 28 Februari, na makadirio ya bajeti kufikia tarehe 30 Aprili. Mradi mkubwa ambao haumo katika nyaraka hizo una maswali ya kujibu kabla ya lingine lolote.

Soma ukurasa wa malipo kabla ya ukurasa wa maono

Rasimu za mikataba huanza kwa maono, dhamira na picha ya muuguzi anayetabasamu. Ziruke. Nenda moja kwa moja kwenye sehemu ya malipo, na utafute kama kampuni italipwa kwa kazi iliyofanyika au italipwa kiasi kilekile kazi ifanyike isifanyike.

Tuchukue mfano wa kubuni. Kampuni inaleta mashine ya kupiga picha, na kaunti inaahidi kuilipa shilingi milioni 24 kila mwaka. Mashine ikipiga picha 20 kwa siku, kwa siku 300, zinakuwa picha 6,000, na kila picha imeigharimu kaunti shilingi 4,000. Hiyo si bei mbaya. Sasa mtaalamu wa picha akihamia Qatar, kama wanavyohama, na aliyebaki akiweza picha tano tu kwa siku, zinakuwa picha 1,500 kwa mwaka, na kila moja imegharimu shilingi 16,000. Mashine ni ile ile, kampuni haijafanya kosa lolote, na mgonjwa anaambiwa arudi mwezi ujao. Katika mkataba wa aina hiyo hatari yote imebebwa na umma. Lakini ukiandikwa kwamba kampuni italipwa shilingi 4,500 kwa kila picha iliyopigwa na kusomwa, basi mashine iliyolala inamtia hasara mwenye mashine, na atakuwa wa kwanza kuisumbua kaunti iajiri mtaalamu. Tofauti hiyo ya sentensi moja ina uzito kuliko hotuba zote za kutetea au kupinga sekta binafsi.

Hili si jambo la kufikirika tu. Mwaka 2015 serikali kuu ilianzisha mpango wa kukodi vifaa vya matibabu kwa hospitali 98, mbili katika kila kaunti pamoja na nne za kitaifa. Kila kaunti ilikatwa shilingi milioni 95 kwa mwaka, na baadaye kiasi hicho kikapandishwa hadi shilingi milioni 200, sawa kwa kaunti zote, kubwa na ndogo, hata pale ambapo hospitali haikuwa na umeme wa kutosha, maji au wataalamu wa kuviendesha vifaa hivyo. Magavana walilalamika kwamba mikataba waliyokuwa wakiilipia hawakuwa wameiona, na Seneti ikaunda kamati maalumu iliyotoa ripoti yake mwaka 2020. Ukiulizwa kwa nini unang'ang'ania kuiona rasimu, taja mpango huo.

Mfano wa pili unatoka Lesotho, nao una funzo lisiloupendelea upande wowote. Hospitali ya Queen 'Mamohato Memorial ilifunguliwa Maseru mwaka 2011 chini ya mkataba wa miaka 18 na kampuni iliyoongozwa na Netcare ya Afrika Kusini. Watafiti waliopima huduma walikuta kwamba wagonjwa walihudumiwa vizuri kuliko katika hospitali ya zamani na kwamba vifo vya wagonjwa waliolazwa vilipungua. Hata hivyo, mwaka 2014 shirika la Oxfam lilisema mradi huo mmoja ulikuwa ukimeza zaidi ya nusu ya bajeti ya afya ya nchi, hesabu ambayo Benki ya Dunia haikukubaliana nayo, na mwaka 2021 serikali ya Lesotho iliuvunja mkataba. Jengo zuri na huduma nzuri vinaweza kuwapo pamoja na malipo ambayo nchi haiwezi kuyabeba. Mtu anayekuonyesha picha za vyumba vipya, muulize pia zahanati za vijijini zilibakiwa na nini.

Baada ya malipo, tazama mambo machache mengine. Fedha za malipo ni shilingi au dola? Shilingi ikishuka thamani, anayeumia ni nani? Mkataba ukivunjwa kabla ya wakati, kaunti italipa fidia kiasi gani, na mashine zitabaki au zitabebwa? Wauguzi na mafundi walioajiriwa na kaunti watahamishwa, watabaki, au watafanya kazi chini ya wasimamizi wawili wenye amri mbili? Rekodi za wagonjwa zitahifadhiwa na nani, ikizingatiwa kwamba Sheria ya Ulinzi wa Data ya mwaka 2019 inazihesabu habari za afya kuwa nyeti?

Lililo muhimu kuliko yote hayo, na ambalo husahaulika mara kwa mara, ni msamaha wa malipo. Katika hospitali ya umma, mgonjwa asiye na uwezo hupelekwa kwa afisa wa ustawi wa jamii, akahojiwa, na deni lake likapunguzwa au likafutwa. Utaratibu huo una kasoro zake na una fedheha zake, lakini upo. Kampuni binafsi haina afisa huyo. Iwapo rasimu haisemi ni nani atakayelipa deni la mgonjwa aliyesamehewa, jibu litakuwa moja kati ya mawili: ama hakuna atakayesamehewa, ama hospitali itamlipia kutoka mapato yake yenyewe. Sheria ya Ufadhili wa Kuboresha Vituo vya Afya ya mwaka 2023 inaziachia hospitali za umma mapato wanayokusanya ili yatumike pale pale, na mapato hayo ndiyo yatakayoliwa. Swali kama hilo uliulize kuhusu Mamlaka ya Afya ya Jamii, iliyochukua nafasi ya ile bima ya zamani ya hospitali tarehe 1 Oktoba 2024: kipimo kikigharimu zaidi ya kiasi ambacho Mamlaka hulipa, nyongeza italipwa na mgonjwa dirishani, au kampuni imekubali kiwango hicho?

Kusanya ushahidi wa mtaa wako

Maoni yasiyo na ushahidi husikilizwa kwa heshima na kusahauliwa kwa haraka. Ushahidi wenyewe si mgumu kuupata. Chagua huduma moja, kituo kimoja na majuma mawili. Waombe majirani waliokwenda huko wakupe risiti zao, au wakuruhusu kuzipiga picha baada ya kuyafunika majina. Andika katika daftari la mistari: tarehe, huduma iliyoombwa, kama ilipatikana pale pale, kama mgonjwa alielekezwa nje, alilipa kiasi gani, na aliondoka baada ya saa ngapi. Usiandike jina la mgonjwa wala ugonjwa wake. Usiwahoji wauguzi wakiwa kazini, maana utawaletea taabu bure. Nao wana mengi ya kusema, ila watayasema kupitia vyama vyao.

Nilipofanya zoezi hilo pamoja na akina mama wa chama chetu, tulipata risiti 31, nyingi zikiwa zimekunjwa hadi wino umefifia. Tulizipanga sakafuni kwa mafungu, za ndani ya hospitali upande huu na za nje upande ule, na lile fungu la nje likawa kubwa kuliko tulivyotarajia. Mama mmoja aliyekuwa akipinga ubinafsishaji kwa sauti ya juu alilitazama kwa muda, akasema, "Kumbe tushauziwa." Risiti 31 si utafiti, na katika waraka wetu hatukuziita hivyo, tuliandika idadi yake na tarehe zake tu.

Wazee wakikumbusha kwamba zamani matibabu yalikuwa bure, wasikilize, kisha uziweke tarehe mahali pake. Ada za kuchangia gharama ziliingizwa katika hospitali za serikali mwezi Desemba 1989, wakati wa masharti ya marekebisho ya uchumi. Mwaka 2004 zikapunguzwa kuwa shilingi 10 katika zahanati na 20 katika vituo vya afya. Mwaka 2013 zikaondolewa katika vituo hivyo vya chini, na huduma ya uzazi ikatangazwa kuwa ya bure katika vituo vya umma. Dirisha la malipo, kwa hiyo, lilijengwa na serikali yenyewe, na linaweza kupanuliwa au kufungwa na serikali hiyo hiyo bila mwekezaji yeyote.

Andika waraka wa kurasa mbili

Kurasa mbili zinatosha, tatu ni nyingi. Aya ya kwanza iseme wewe ni nani, unaishi wadi gani, na unatumia kituo kipi. Aya ya pili iseme unataka nini, kwa sentensi moja ambayo karani anaweza kuinakili katika ripoti bila kuibadilisha. Ushahidi ufuate, kisha masharti. Usimalize kwa matusi kwa mtu yeyote. Waraka wenye tusi hurukwa wote. Kiswahili ni lugha rasmi kwa mujibu wa Kifungu cha 7 cha Katiba, kwa hiyo usilazimike kuazima Kiingereza cha mjomba.

Kiini cha waraka kinaweza kusomeka hivi:

"Naunga mkono kukodiwa kwa mashine za picha, kwa sharti kwamba kampuni ilipwe kwa kila picha iliyopigwa na kusomwa, isilipwe kiasi kisichobadilika kwa mwaka, kwamba ada ya mgonjwa isizidi ile anayotozwa sasa bila idhini ya Bunge la Kaunti, kwamba mkataba utaje ni nani atakayebeba gharama za wagonjwa waliosamehewa, na kwamba takwimu za huduma zibandikwe kila robo mwaka katika ubao wa matangazo wa hospitali. Masharti haya yasipoingizwa, napinga pendekezo hili."

Hapo ndipo ulipo msimamo wangu. Kukubali kwa masharti yaliyoandikwa kuna nguvu kuliko kukataa kusikoandikwa, na pia kuna nguvu kuliko kukubali kwa makofi. Wewe unaweza kuandika kinyume chake. Maadamu umetaja kipengele cha rasimu unachokizungumzia, waraka wako utakuwa umefanya kazi yake.

Siku ya kikao

Fika mapema, uketi mbele, na ujiandikishe kuzungumza kabla ya wageni wa heshima kuwasili, kwani wao huleta salamu ndefu. Katika kikao kimoja nilichohudhuria, nakala za rasimu zilikuwa tatu kwa ukumbi mzima, zote kwa Kiingereza, na ziligawiwa mlangoni dakika chache kabla ya kuanza. Hilo likikutokea, usisuse wala usipige kelele. Simama, uombe radhi, na utake iandikwe katika kumbukumbu za kikao kwamba washiriki walipewa hati siku ile ile na kwa lugha moja tu. Sheria ya Serikali za Kaunti ya mwaka 2012 inautaja upatikanaji wa habari kwa wakati kuwa msingi wa kushirikisha wananchi, na sentensi hiyo moja katika kumbukumbu huweza kuwa na thamani baadaye kuliko hotuba nzima.

Dakika zako zikiwa tatu, sema jambo moja. Taja ukurasa, taja kipengele, taja marekebisho unayoyataka, kisha kabidhi waraka kwa mkono na ugongewe muhuri. Ukipewa fomu ya mahudhurio, itazame kichwa chake kabla ya kutia sahihi. Ikiwa juu pameandikwa kwamba waliotia sahihi wameidhinisha pendekezo, andika kando ya jina lako neno "nimehudhuria tu".

Kikao kikishapita

Wengi huishia hapa, na hapa ndipo kazi inapoanza kulegea. Fuata jambo hilo katika kamati ya afya ya Bunge la Kaunti, ambako ripoti ya maoni hupelekwa, na uombe kuisoma uone kama waraka wako umo. Ukiachwa nje, una haki ya kuwasilisha ombi rasmi kwa Bunge la Kaunti chini ya sheria ile ile ya mwaka 2012, na huhitaji kuwa na umati nyuma yako.

Mahakama iwe mlango wa mwisho, lakini ujue kwamba uko wazi. Kifungu cha 22 kinamruhusu mtu yeyote kufungua kesi kwa niaba ya umma pale haki inapotishiwa, na mwezi Septemba 2024 Mahakama Kuu ilibatilisha Sheria ya Ubinafsishaji ya mwaka 2023 kwa sababu, pamoja na mengineyo, wananchi hawakushirikishwa ipasavyo. Kesi ya namna hiyo hujengwa kwa barua zenye mihuri, kumbukumbu za vikao na tarehe. Ndiyo maana nimekusumbua sana kuhusu muhuri.

Iwapo mkataba utatiwa saini hata hivyo, weka alama katika kalenda yako miezi mitatu baada ya tarehe hiyo na uandike barua nyingine ya kuomba habari: vipimo vingapi vimefanywa, kampuni imelipwa kiasi gani, na wagonjwa wangapi wamesamehewa. Rudia kila robo mwaka. Ripoti ya Mkaguzi Mkuu wa Fedha kuhusu kaunti itakapochapishwa, linganisha nambari zake na zile ulizojibiwa, na zikitofautiana, peleka nakala zote mbili kwa mwakilishi wa wadi yako, kwa mkono, kukiwa na shahidi.